UZI: Mshairi na mwandishi wa riwaya anayetafiti msamaha – kazi hii inajengwaje?

Kalamu_Tulivu (mwanzisha uzi)

Wakuu, kuna aina ya mwandishi ambaye humu hatumjadili ipasavyo: anatoa diwani, anaandika riwaya, na papo hapo anautafiti msamaha kitaaluma. Waandishi wa namna hii wapo. Antjie Krog wa Afrika Kusini alikuwa mshairi mwenye jina alipoongoza kundi la redio la SABC (shirika la utangazaji la taifa) lililoripoti vikao vya Tume ya Ukweli na Maridhiano, iliyochunguza maovu ya enzi ya ubaguzi wa rangi, kuanzia 1996. Kitabu chake cha 1998 kuhusu vikao hivyo kimechanganya ushahidi, habari na ushairi. Pumla Gobodo-Madikizela, mwanasaikolojia aliyefanya kazi katika tume hiyohiyo, alitoa mwaka 2003 kitabu kilichotokana na mahojiano yake gerezani na Eugene de Kock, aliyekuwa mkuu wa kikosi cha mauaji cha polisi wa enzi hiyo, na kinasomeka kwa mvuto wa riwaya ingawa ni kazi ya kitaaluma.

Ninataka uzi huu uwe mwongozo wa kazi yenyewe. Msimamo wangu ni huu: ushairi, riwaya na utafiti vinaweza kuulizana swali moja maisha yote, lakini kila kimoja kina sheria yake ya ukweli. Shairi lina ruhusa ya kusema jambo kwa nguvu bila kulithibitisha. Riwaya ina ruhusa ya kubuni watu na matukio, mradi moyo wa mtu uende kama mioyo ya watu inavyokwenda. Utafiti hauna ruhusa ya kubuni hata koma. Anayezichanganya sheria hizi anaharibu kazi zote tatu, na mara nyingi anawaumiza waliomsimulia.

Tuanze na msingi. Kabla hujaandika pendekezo la utafiti wala sura ya kwanza, jifunze kutenganisha msamaha na majirani zake. Mwanasaikolojia Robert Enright wa Chuo Kikuu cha Wisconsin–Madison, aliyeanza kuchunguza jambo hili mwaka 1985, amesisitiza kwa miaka mingi kwamba kusamehe si kusahau, si kumtafutia mkosaji udhuru, si kusema kosa halikuwa kosa, na si lazima kupatana. Mtu anaweza kumsamehe aliyekufa. Anaweza kumsamehe mtu ambaye hatamruhusu tena kukanyaga kwake. Kupatana kunahitaji watu wawili na uaminifu mpya, ilhali msamaha unaweza kuwa kazi ya mtu mmoja.

Kisha tenga msamaha wa moyo na msamaha wa sheria. Sheria ya 1995 iliyounda tume ya Afrika Kusini haikumtaka mwombaji aonyeshe majuto. Ilimtaka aeleze ukweli wote na athibitishe kwamba kitendo kilikuwa na lengo la kisiasa. Zaidi ya watu 7,000 waliomba msamaha huo wa sheria, yaani kinga ya kutoshtakiwa, na wengi wakakataliwa. Mwandishi asiyeijua tofauti hii atamwandika mhusika anayelia mbele ya kamati ili apewe kinga, na msomaji anayeifahamu sheria ataifunga riwaya hapohapo.

Wenye ujuzi, karibuni.

---

MpimaPole

Uzi mzuri, mkuu. Nichangie upande wa vipimo vya msamaha, maana waandishi wengi huuogopa bure.

Vipimo vinavyotumika sana ni vichache. Hojaji ya Enright ina kauli 60: 20 za hisia, 20 za tabia na 20 za mawazo. Kila kauli hujibiwa kwa ngazi 1 hadi 6, hivyo jumla huanzia 60 na kuishia 360. Jambo ambalo mwandishi anapaswa kulitazama kwa makini ni kwamba hojaji hiyo haitaji neno msamaha katika kauli hizo zote 60. Mtu anaulizwa anamwonaje mkosaji, anamtendeaje, anamfikiriaje. Neno lenyewe huja mwishoni kabisa, kwa swali moja. Sababu ni kwamba ukilitaja mapema, mtu hujibu anavyodhani anatakiwa kujibu.

Kipimo cha Michael McCullough na wenzake cha 1998 kina kauli 12, ambapo 7 zinapima kumkwepa mkosaji na 5 zinapima hamu ya kulipiza. Baadaye ziliongezwa 6 za kupima kumtakia heri, zikawa 18. Hiki ni kifupi na kinafaa kurudiwa kila baada ya wiki kadhaa kwa mtu yuleyule.

Na kurudia ndiko muhimu. Ukipima mara moja tu, huwezi kujua kama mtu amesamehe au ni mpole tangu mwanzo na jeraha halikumgusa sana. Msamaha ni badiliko, na badiliko linahitaji angalau vipimo viwili, heri vitatu au zaidi.

Makosa ninayoyaona katika mapendekezo ya waandishi:

Wanauliza «Je, umemsamehe?» kisha wanahesabu ndiyo na hapana. Jibu hilo linakupa adabu ya mtu, halikupi hali yake.

Wanachanganya makosa yasiyolingana, aliyesengenywa na aliyeuliwa ndugu ndani ya wastani mmoja. Andika aina ya kosa, muda uliopita, ukaribu wa mkosaji, na kama aliomba radhi. Bila hayo manne namba zako hazisomeki.

Wanatafsiri hojaji wenyewe usiku mmoja. Utaratibu ni huu: mtu mmoja anatafsiri, mwingine asiyeiona ya asili anairudisha katika lugha ya kwanza, watatu analinganisha, kisha unaijaribu kwa watu wachache ukiwaomba waeleze kwa maneno yao kila kauli inauliza nini. Na kabla ya yote, mwombe mwenye kipimo ruhusa.

---

Mwana_wa_Riwaya

Samahani wakuu, swali la anayeanza. Mtu asiye na shahada ya saikolojia anaruhusiwa kuutafiti msamaha?

---

MpimaPole

Ndiyo, ndugu, lakini si kila utafiti. Njia ziko tatu na zinatofautiana sana.

Ya kwanza ni saikolojia yenyewe. Hapo ndipo unapoweza kujaribu afua (mpango wa kuwasaidia watu wasamehe), mfano ule mfumo wa mwanasaikolojia Everett Worthington wenye hatua tano: kulikumbuka jeraha bila kulikuza, kumtazama mkosaji kwa huruma, kuutoa msamaha kama zawadi, kujifunga kwa tamko, na kuushikilia pale hasira inaporudi. Utafiti uliochapishwa 2024 uliujaribu mfumo huu kwa kitabu cha mazoezi ambacho mtu hujifanyia mwenyewe, kwa watu 4,598 katika nchi tano. Kazi kama hiyo haifanywi na mshairi peke yake. Inahitaji wanataaluma wenye mafunzo, mtakwimu, na mpango wa kumsaidia mshiriki anayeumia njiani.

Ya pili ni utafiti wa maelezo: mahojiano ya kina na uchambuzi wa maudhui. Mwandishi aliyefunzwa mbinu anaweza kuifanya vizuri sana, kwa sababu tayari anajua kusikiliza.

Ya tatu ni falsafa, fasihi na historia. Humo data yako ni maandiko. Askofu Joseph Butler, katika mahubiri yaliyochapishwa 1726, alitenganisha hasira ya ghafla na kinyongo kilichokaa. Mwanafalsafa Hannah Arendt mwaka 1958 aliuona msamaha kuwa dawa ya jambo lisiloweza kutenduliwa, na ahadi kuwa dawa ya kesho isiyojulikana. Mtu anaweza kujenga tasnifu nzima juu ya mvutano wa fikra hizo mbili bila kumhoji yeyote.

Washairi wengi wangefaidika na ya tatu, ila hukimbilia ya pili kwa sababu mahojiano yanavutia.

---

Kina_na_Mizani

Nami niingie kwa mlango wa ushairi, maana humu ndimo mada ya msamaha inapoharibika upesi kuliko kokote. Shairi la msamaha likianza kwa jeraha na kuishia kwa amani ndani ya beti sita, ni mawaidha. Mawaidha yana mahali pake, lakini anayeujua msamaha kwa utafiti anafahamu kwamba hauendi mstari mnyoofu. Watu hupanda, hushuka, hukaa, hurudi nyuma siku wanapokutana na mkosaji bila kutarajia.

Bahati yetu ni kwamba ushairi wetu una chombo kinachoufaa mwendo huo: kibwagizo. Tarbia ina mishororo minne kwa ubeti, mizani 16 kwa mshororo, 8 kwa 8. Mshororo wa nne unaporudi ubeti baada ya ubeti bila kubadilika, unafanya kile kinachofanywa na akili ya aliyekosewa: kulirudia jambo lilelile. Ustadi ni kuziandika beti namna ambayo maneno ya kibwagizo yanabaki yaleyale huku maana yake ikihama. Tazama mfano huu niliotunga kwa ajili ya uzi:

*Aliita mlangoni, upesi nikaitika,*
*Mkono u mfukoni, haujataka kutoka,*
*Neno limo mdomoni, bado linahangaika,*
*Deni lake nimefuta, jina lake sijafuta.*

Hapa tabia imesamehe (ameitika), hisia hazijasamehe (mkono), na mawazo yako katikati (neno). Ndizo zile sehemu tatu za hojaji aliyoitaja MpimaPole, bila kuitaja sayansi. Katika ubeti huu kibwagizo kinasikika kama kinyongo kilichofichwa. Ukiweka mbele ubeti wa mkosaji aliyekwisha kufa, maneno hayohayo yatasikika kama kumbukumbu ya upendo: jina halikufutwa kwa sababu anamkumbuka. Ndiyo kazi.

Ukitaka simulizi ndefu, chukua utenzi. Mizani 8 kwa mshororo, mishororo mitatu ya kwanza ina kina kimoja, na wa nne unabeba bahari, yaani kina kinachorudi kila ubeti hadi mwisho. Tatizo la utenzi kwa mada hii ni kasi. Unakimbia, na msamaha ni jambo la kukaa. Dawa ni kutumia beti za kusimama: kila baada ya beti 10 au 12 za tukio, weka mbili ambazo hakuna kinachotokea, mhusika anatazama tu au anasikiliza.

Na kama unataka pande mbili zisikike, tumia malumbano. Mshairi wa kwanza anadai, wa pili anajibu kwa muundo na vina vilevile. Lakini mpe mkosaji hoja zenye nguvu. Malumbano ambayo upande mmoja ni mjinga hayana maana.

Kosa jingine ni kulitaja neno msamaha. Katika diwani ya mashairi 50, likitokea zaidi ya mara chache linachuja. Ipitie diwani yote kwa kalamu nyekundu, na kila lilipo jiulize kama kitendo kingetosha.

---

FundiMswada

Kina_na_Mizani umesema kweli tupu. Niendelee na riwaya.

Riwaya ya kawaida ni maneno 70,000 hadi 90,000. Tuseme onyesho moja lina maneno 1,500, unahitaji maonyesho kati ya 47 na 60. Kosa kubwa la mwandishi wa mada hii ni kuyapanga yote yaelekee kwenye onyesho moja la mwisho ambapo A anamwambia B «nimekusamehe». Ukishalipanga hivyo, maonyesho mengine yote yanakuwa korido ya kusubiria.

Tumia tofauti ambayo Worthington ameijenga: msamaha wa uamuzi na msamaha wa hisia. Wa uamuzi ni kuazimia kutolipiza na kumtendea mkosaji kama mtu mwenye thamani. Unaweza kutokea kwa dakika. Wa hisia ni pale chuki inapopungua na kitu kingine kikaingia mahali pake, na unaweza kuchukua miaka au usije. Pengo kati ya hizo mbili ndiyo riwaya yako. Weka uamuzi mapema, hata katika theluthi ya kwanza, kisha zilizobaki zionyeshe gharama ya uamuzi huo: ndugu wanaomwona mhusika msaliti, mkosaji anayeuchukua msamaha kama ruhusa, usiku ambao hasira inarudi bila sababu.

Kabla ya kuandika, jaza karatasi moja kuhusu kosa lenyewe. Nani alitenda? Nini hasa kilipotea: mali, mtu, heshima, muda? Nani alijua akanyamaza? Mkosaji anaamini alifanya nini? Swali la mwisho ndilo linalorukwa. Mkosaji karibu kila mara ana simulizi yake, na ndani ya simulizi hiyo kosa ni dogo, lilisababishwa na jambo fulani na lilikwisha zamani. Aliyekosewa ana simulizi ambayo kosa ni kubwa, halina sababu na linaendelea mpaka leo. Ziandike zote mbili kwa nafsi ya kwanza, kurasa mbilimbili, hata kama hazitaingia kitabuni.

Sasa kuhusu onyesho la kuomba radhi. Roy Lewicki na wenzake walichapisha mwaka 2016 utafiti kuhusu sehemu sita za ombi la radhi: kueleza majuto, kueleza kilichotokea, kukiri kuwajibika, kuahidi kutorudia, kujitolea kurekebisha, na kuomba kusamehewa. Waliona kukiri kuwajibika kuna uzito kuliko zote, kisha kujitolea kurekebisha. Kuomba kusamehewa kulikuwa na uzito mdogo kuliko zote. Mwandishi anayeanza hufanya kinyume. Mhusika wake anapiga magoti na kuomba kusamehewa mara tatu, hakiri alichofanya, hajitolei kurudisha chochote. Msomaji anahisi uongo bila kujua unatoka wapi.

Ukilijua hilo, unaweza kupanga kwa makusudi ni sehemu ipi mkosaji wako ataikosa. Anayekiri lakini hajitolei kurekebisha ni mtu wa aina moja. Anayerudisha mali kimyakimya bila kukiri ni mtu mwingine kabisa, na pengine anasisimua zaidi.

---

Ridhaa_Kwanza

Naomba nafasi, kwa sababu hapa ndipo kazi za watu huvunjikia. Mambo ya ridhaa.

Ukihoji watu kwa ajili ya utafiti, kamati ya maadili inakuruhusu kuyatumia maneno yao kwa utafiti ule tu. Hairuhusu riwaya. Wala haijaruhusu shairi. Ukitaka matumizi ya ubunifu, yaandike tangu mwanzo kama kipengele cha pekee kwenye fomu, chenye sahihi yake, na mshiriki aweze kukubali utafiti na kukataa ubunifu bila kupoteza chochote. Ukirudi baada ya miaka mitatu kuomba, wengine hutawapata, na waliopo watajiona wamedanganywa.

Fomu iseme pia: mwisho wa kujitoa ni tarehe gani (usiandike «wakati wowote» kama tayari utakuwa umeshachapisha), sauti zitafutwa lini, nani atasikiliza, jina litabadilishwa vipi, na mtu akizidiwa katikati ya mahojiano atapelekwa kwa nani. Hicho cha mwisho hakitoshi kuandikwa tu. Mtaalamu awe amekubali mapema kuwapokea.

Halafu kuna mtu wa tatu anayesahaulika, mkosaji. Mshiriki amekubali kusimulia, lakini aliyemtaja hajakubali. Ukiacha alama za kumtambulisha unaweza kushtakiwa kwa kashfa, na hata pasipo kesi unaweza kumhatarisha mshiriki wako, kwa sababu mkosaji ataijua hadithi yake hata ukibadilisha majina yote. Watu hujitambua kwa mpangilio wa matukio kuliko kwa majina. Kwa hiyo badilisha mpangilio, mahali, kazi na idadi ya watoto, na uhakikishe badiliko halipotoshi hitimisho.

Kiasi cha kazi pia kijulikane. Mahojiano ya kina 12 hadi 25 yanatosha kwa tasnifu nyingi za aina hii. Kila moja dakika 60 hadi 90. Saa moja ya sauti hula saa 4 hadi 6 za kunukuu kwa maandishi, na zaidi watu wanapolia au kusema kwa sauti ya chini. Usiwape programu za kunukuu sauti hizi bila kuangalia zinahifadhiwa wapi.

---

Kina_na_Mizani

Ridhaa_Kwanza, ninakubaliana na karibu yote, ila lipo jambo linanikwaza. Kuna watafiti wanaotengeneza mashairi moja kwa moja kutokana na maneno ya mahojiano, wanapunguza tu na kupanga mistari. Mbinu hiyo inakubalika kitaaluma. Kwa nini tuifunge?

---

Ridhaa_Kwanza

Siifungi, ndugu yangu. Ninasema ina masharti ambayo mshairi hayapendi. Katika mbinu hiyo huruhusiwi kuongeza neno, na kama umeongeza unaonyesha wapi. Mpangilio wa mistari ni tafsiri yako, kwa hiyo unapaswa kuueleza. Na ukitaka vina na mizani 16, utalazimika kuongeza na kubadilisha, basi hapo umetoka kwenye data na kuingia kwenye utunzi wako. Liite utunzi. Usilipeleke kwenye jarida la kitaaluma kama sauti ya mshiriki.

Kuna mfano unaoonyesha kwa nini ninashikilia hili. Mmoja wa akina mama wa vijana saba waliouawa na polisi huko Gugulethu, Cape Town, mwaka 1986 alitoa ushahidi mbele ya tume mwaka 1996. Katika rekodi rasmi ya Kiingereza maneno yake yalionekana kutoeleweka, kama mtu aliyechanganyikiwa. Antjie Krog, pamoja na Nosisi Mpolweni na Kopano Ratele, walirudi kwenye sauti ya asili ya Kixhosa, wakagundua makosa ya ukalimani na mapengo ya muktadha, kisha wakaenda kumsikiliza mwenyewe kwake. Ushahidi ulikuwa na mantiki yake kamili. Kitabu chao kikatoka 2009. Sasa fikiria mshairi angeichukua ile rekodi rasmi na kutunga shairi zuri kuhusu mama aliyepoteza akili. Lingekuwa zuri, na lingekuwa dhuluma ya pili.

Kanuni ya kazi: rudi kwenye sauti kila mara kabla ya kunukuu. Maandishi peke yake hayatoshi.

---

Kina_na_Mizani

Hapo nimekuelewa. Nakubali.

---

Mwana_wa_Riwaya

Wakuu, basi riwaya itatokana na nini kama mahojiano hayaruhusiwi? Maana mtu akishasikiliza watu 20, hawezi kujifanya hajasikia.

---

FundiMswada

Swali zuri sana. Chukua mwendo, acha tukio. Tuseme katika mahojiano umeona watu wengi wanasamehe kwanza mbele ya watu, kisha wanaanza kuugua kinyongo faraghani. Huo ni mwendo, na haumilikiwi na mtu mmoja. Ila pete iliyotupwa kisimani, barua iliyosomwa msibani, sentensi ile aliyoisema mzee fulani, hivyo ni vya mtu.

Kipimo rahisi: mshiriki akiisoma riwaya, je, atasema «huyu ni mimi» au atasema «huyu ananielewa»? Ukiona uwezekano wa jibu la kwanza, andika upya.

Utaratibu unaosaidia ni kuweka daftari mbili tofauti, na kabrasha mbili tofauti kwenye kompyuta. La utafiti lifungwe kwa nywila na lisifunguliwe siku za kuandika riwaya. Na kama unaweza, acha miezi kadhaa kati ya mahojiano ya mwisho na rasimu ya kwanza. Akili huyasahau matukio na kubaki na mwendo.

---

Mhariri_wa_Pili

Nimewasoma wote kwa furaha. Niseme upande wa uchapishaji na mpangilio wa miaka, kwa kuwa kazi isiyopangwa hujigonga yenyewe.

Shairi ndilo linaloanza, kwani ni fupi na majarida yanapokea machache kwa wakati, kwa kawaida 3 hadi 6. Angalia kama yanaruhusu kupeleka shairi lilelile sehemu mbili, na shairi likikubaliwa mahali uwaarifu wengine siku hiyohiyo. Wape haki ya kuchapisha mara ya kwanza tu, nyingine zirudi kwako, la sivyo utakwama ukitaka kuyakusanya kwenye diwani. Diwani ya kawaida ni kurasa 48 hadi 80.

Kwa shahada ya uzamivu, vyuo vingi vya Uingereza na Australia vina njia ya ubunifu: unawasilisha riwaya au diwani pamoja na sehemu ya uhakiki. Uwiano hutofautiana chuo kwa chuo, kwa hiyo soma kanuni kabla ya kuomba. Kosa ninalolikuta mara kwa mara ni sehemu ya uhakiki kueleza riwaya ilivyoandikwa badala ya kujibu swali la utafiti. Kama swali ni «je, msamaha unawezekana pasipo kukiri kosa?», riwaya inapaswa kulijaribu kwa njia yake na uhakiki kulijibu kwa hoja. Sehemu mbili ziulizane, zisisifiane.

Halafu zuio, yaani kuifungia kazi isisomwe na umma kwa muda. Tasnifu nyingi huwekwa wazi kwenye hazina ya chuo mtandaoni. Riwaya yako ikiwa humo, mchapishaji anaweza kusema imeshachapishwa. Omba zuio la miaka kadhaa kwa sehemu ya ubunifu, na uliombe kabla ya kukabidhi nakala ya mwisho. Vilevile soma sera ya chuo kuhusu hakimiliki, hasa kama riwaya iliandikwa kwa fedha za ruzuku.

Mkataba wa riwaya: angalia mrabaha (fungu la mwandishi katika mauzo) unahesabiwa kwa bei ya jalada au kwa pato halisi la mchapishaji, kwa kuwa asilimia 10 ya kimoja si sawa na asilimia 10 ya kingine. Haki za tafsiri, filamu na kitabu cha kusikiliza zitajwe mojamoja. Haki zirudi kwako kitabu kikiisha sokoni, na mkataba ueleze «kuisha» ni nini, mfano mauzo yakishuka chini ya nakala kadhaa kwa mwaka. Wakala akiwepo, kawaida huchukua asilimia 15 ndani ya nchi na 20 kwa mauzo ya nje.

Makala ya kitaaluma hayalipi, ila ndiyo yanayokupa nafasi ya kufundisha, na kufundisha ndiko kunakowalisha wengi wa waandishi hawa. Usiyadharau. Toa makala kabla ya riwaya, ili hakuna atakayesema matokeo yako yalipindishwa yafanane na kitabu.

---

Ridhaa_Kwanza

Nyongeza kwa Mhariri_wa_Pili: kitabu kikitoka, mwandishi ataitwa kwenye majukwaa kama mtaalamu wa msamaha, na mtu ataamka ukumbini kuuliza, «Mume wangu ananipiga, nimsamehe?» Lazima awe na jibu kabla ya siku hiyo.

James McNulty aliwafuatilia wanandoa wapya kwa miaka minne ya mwanzo ya ndoa, na matokeo yake ya 2011 yalionyesha kuwa kwa wale waliokuwa wepesi wa kusamehe, ukali wa wenzi wao haukupungua, huku kwa waliokuwa wazito wa kusamehe ulipungua. Utafiti wa Laura Luchies na wenzake wa 2010 nao ulionyesha kwamba kumsamehe mtu asiyeonyesha dalili ya kujirekebisha kunaweza kupunguza heshima ya mtu kwa nafsi yake. Kwa hiyo jibu la jukwaani ni usalama kwanza, na msamaha si sharti la kuendelea kuishi na mtu. Kisha umpeleke kwa wahusika wa msaada, ambao namba zao umeziandika kabla ya kupanda jukwaani. Mwandishi si mshauri nasaha, hata akiwa na shahada ya uzamivu.

---

MpimaPole

Na kuna jambo la kuongeza hapo. Uchambuzi wa pamoja wa 2014 wa Nathaniel Wade na wenzake ulikusanya ripoti 54 zenye washiriki 2,323, ukaona kwamba afua za msamaha kwa ujumla zinasaidia, tena zile ndefu na za mtu mmojammoja zinasaidia zaidi kuliko za kikundi. Kwa hiyo warsha ya mwandishi ya nusu siku ukumbini isiitwe tiba. Iite warsha ya uandishi. Kama washiriki wataandika kuhusu majeraha, waambie mwanzoni kwamba hakuna atakayelazimishwa kusoma kwa sauti, waanze na kosa dogo na si lile kubwa kuliko yote, na acha robo saa ya mwisho bila zoezi lolote ili wasitoke nje wakiwa wametoneshwa.

---

Mwana_wa_Riwaya

Shukrani wakuu. La mwisho: anayeanza mwaka huu, aanze na kipi?

---

Kalamu_Tulivu

Mkuu, miezi sita ya kwanza soma falsafa na vipimo, na utunge mashairi bila kuyapeleka popote. Mwezi wa saba andika swali lako la utafiti kwa sentensi moja. Likikataa kukaa kwenye sentensi moja, bado hujalipata, rudi kusoma. Swali likisimama, tafuta wasimamizi wawili, mmoja wa fasihi na mmoja wa saikolojia au falsafa, na uwaombe wakutane mapema pamoja nawe, kwani wakitofautiana kuhusu ushahidi ni nini utaumia wewe katika mwaka wa tatu. Maombi ya kamati ya maadili yaanze hapo. Katika mpango wako yawekee miezi mitatu, maana karibu kila fomu hurudishwa angalau mara moja kurekebishwa.

Fomu ya ridhaa yenye vipengele viwili aliyoielezea Ridhaa_Kwanza, mtu akitaka tuiandike pamoja hapa, aweke rasimu yake tuipitie kipengele kwa kipengele.